Boksi Lililoandikwa Mara 3

Achai hajui kukaa. Waliomsikia kwenye filamu yake, akisimulia kwa ile sauti ya taratibu, huniambia binamu yako ana utulivu wa ajabu, nami huwaacha waamini hivyo. Mimi ndiye niliyeishi naye chumba kimoja cha mabati New Site miaka minne. Anakula amesimama. Anapiga mswaki huku akizunguka kiwanja, povu mdomoni, akiniuliza maswali ambayo siwezi kuyajibu kwa sababu siyasikii. Akiketi, goti linaruka. Hata akilala, kidole gumba cha mguu wa kulia kinatikisika chini ya chandarua, na nikikishika kwa hasira kinatulia kidogo kisha kinaanza tena.

Mama zetu ni dada. Tulikulia Eldoret, mtaa wa Langas, wakati huku kwetu kuna vita, tukarudi Juba mwaka 2006, mkataba wa amani ukiwa na mwaka mmoja na kitu. Mimi nilipata kazi ya mapokezi kwenye hoteli moja ya Hai Amarat, hoteli ya mahema na makontena, wageni wakilalamikia joto nami nikitabasamu. Achai alikuja na kamera aliyoinunua Nairobi baada ya mwaka mzima wa kupiga picha harusi za watu, akawa anapiga filamu za warsha za mashirika. Watu wameketi duara, watu wananyoosha mikono, watu wanapokea vyeti. Alizichukia kazi hizo kama mimi ninavyowachukia wageni wanaogonga kengele ya mapokezi mara tatu hali wananiona nimesimama mbele yao.

Kilichokuwa kinamwasha kilianzia Langas. Tukiwa darasa la sita, mwalimu wa muziki alitaka kila mtoto aimbe wimbo wa kwao. Zamu yetu ilipofika, mvulana mmoja wa nyuma akasema, "Hao hawana wimbo, hao wana vita." Darasa zima likacheka. Mimi nilimngoja yule mvulana getini nikamrarua shati, na kwangu kesi ikaisha. Achai hakumfanya kitu. Alilibeba lile neno miaka kumi na sita, akavuka nalo mpaka, na nadhani ndilo lililokuwa likimtikisa kidole usiku.

Basi mwaka 2010, miezi michache kabla ya kura ya maoni ya uhuru, akasikia kwamba kuna stoo ya zamani ya kituo cha redio inaondolewa vitu ili pajengwe vyumba vipya. Ofisi yenyewe siitaji kwa jina, wakubwa wake bado wanakula hotelini kwetu. Ndani mlikuwa na kanda za miaka ya sabini na mwanzo wa themanini, zile kubwa, utepe wa kahawia umezungushwa kwenye spuli, gurudumu la plastiki lenye upana wa sahani, kila moja na boksi lake la kadibodi. Wakati ule wa amani ya kwanza, kabla vita havijarudi mwaka 1983, mji huu ulikuwa na bendi za dansi. Wazee waliohojiwa na Achai kwa ajili ya filamu yake walikumbuka viatu vyao, walikumbuka wasichana waliokataa kucheza nao, walikumbuka mpaka rangi ya taa. Nyimbo zenyewe waliweza kuzivumia tu, na kila mmoja alivumia tofauti. Tulipewa siku tatu kuchagua tunachokitaka. Kitakachobaki, yule bwana wa funguo alisema, ni cha moto.

Siku ya kwanza iliangukia siku yangu ya mapumziko, kwa hiyo nilifika nikiwa nimeshakasirika. Panya walikuwa wameanza kazi kabla yetu. Achai alikuwa ameshika tochi kwa meno, anafungua maboksi kwa mikono miwili, anayasukuma kwangu niyasome. Zaidi ya nusu yalikuwa uji mtupu wa kadibodi. Halafu tukakuta matatu mazima, yamepangana vizuri, mwandiko wa bluu wa karani aliyeijali kazi yake. LALOBA JAZZ, 1982, na chini yake MARA 1. La pili, MARA 2. La tatu, MARA 3. Laloba Jazz ndiyo bendi ambayo kila mzee aliitaja.

"Ya kwanza, ya pili, ya tatu," nikamwambia Achai. "Walikuwa wanarudia wimbo mpaka waupatie. Shika hiyo ya mwisho."

Hilo ni neno langu. Naliweka hapa kama lilivyotoka, nisije nikamsingizia mtu.

Fundi wetu alikuwa Kizza, Mganda wa Masaka, aliyekuwa na kioski cha redio nyuma ya hoteli yetu. Ndiye mtu pekee niliyemjua Juba mwenye mashine ya kuchezesha kanda zile. Aliipata kwenye kanisa moja ambako ilikuwa inatumiwa kuzuia mlango usijifunge, akaiamsha kwa vipande vya mashine nyingine tatu. Alizitazama kanda zetu, akatikisa kichwa. Utepe wenyewe mwingi ulikuwa mzima, lakini spuli zilikuwa zimepasuka, na kanda haichezi bila spuli mbili nzuri, moja ya kutoa na nyingine ya kupokea.

"Spuli iko kidogo, kanda iko mingi," akasema. "Nyinyi chagua yenye itakufa."

Achai akachagua. MARA 1 na MARA 2 zilikuwa, kwa elimu yetu, makosa ya bendi, na spuli zake zilikuwa nzuri kuliko zote. Akasema zifunguliwe. Kizza akauvua utepe wa zote mbili, akaushindilia kwenye gunia pamoja na wa kanda nyingine zilizooza, spuli akaziosha na kuzitumia kwa MARA 3 na nyingine iliyopona. Alikuwa na namna yake ya kazi. Mashine ile ilikuwa na tabia ya kutafuna mwanzo wa kila kanda, kwa hiyo mbele ya kanda nzuri huunganisha mita chache za utepe wa kutupwa, ile tamaa ya mashine iishie hapo. Mahali pa kiungo hubandika kipande cheupe chenye gundi. "Anza kusikiza kwa nyeupe," akatuonya. "Mbele yake ni chakula ya mashine." Gunia akampa Nakato, dada yake, aliyelima mboga, sukuma na dodo, kando ya mto, aufunge utepe juu ya matuta kufukuza ndege.

Kisha akatuchezeshea MARA 3. Gitaa likaanza, likafuatwa na ngoma, halafu wanawake watatu wakaingia pamoja, sauti zimeshikana usijue wapi moja inaishia. Nilimtazama Achai miguu. Ilikuwa imetulia yote miwili. Nilifurahi, nakiri. Nilifikiri tumemaliza na sasa nitalala.

Mtu wa mwisho wa Laloba Jazz aliyejulikana yuko hai alikuwa Mzee Opio, aliyepiga besi, sasa mlinzi wa ghala la saruji. Alitutajia wanaume tisa wa bendi kwa majina na kwa majina ya utani, na nani alimwibia nani mchumba. Achai alipomuuliza ni nani wale wanawake, akapunga mkono.

"Wale? Walikuwa wanaitikia tu. Kupiga makofi."

Hakukuwa na mwanamke aliyeongoza wimbo, alisema, hata siku moja. Tulipomng'ang'ania, akakumbuka jina moja, Teresina, ambaye watu wanasema amerudi na anakaa Mangateen.

Tulimpata akidarizi shuka mlangoni, zile milaya nyeupe zenye maua ambazo wanawake wa Juba hushona kwa ajili ya harusi. Mama wa miaka hamsini na kitu, mwembamba, miwani imefungwa uzi upande mmoja. Alijua Kiswahili cha Koboko, ng'ambo ya mpaka, alikokimbilia wakati wa vita. Achai, ambaye hata salamu alizimaliza kwa haraka, akamwekea wimbo kwenye simu. Mama Teresina hakuinua kichwa. Sindano iliendelea kuingia na kutoka. Wimbo ulipoisha akakata uzi kwa meno.

"De mara talata," akasema. "Wenu mara wahid?"

De ni hii, talata ni tatu, wahid ni moja, wenu ni wapi. Hayo tulikuwa tumeyajua sokoni. Mara tulidhani tumezaliwa nayo.

Achai akamweleza kwa furaha kwamba ile ya kwanza hatukuihitaji, maana walikuwa bado wanajaribu. Mama Teresina akatuangalia mmoja baada ya mwingine, kama mtu aliyeletewa watoto wasio wake.

"Nyinyi watoto ya Kenya," akasema. "Mara ni mwanamke. Hii ni mwanamke tatu, hapa tuko tatu. Ile ya wahid, mimi niko peke yangu."

Karani hakuhesabu majaribio, alihesabu wanawake. Kiarabu cha Juba tulikijua cha kununulia nyanya, na lilipotokea neno lenye sura ya Kiswahili tulilisoma kwa Kiswahili, bila hata kujiuliza karani wa Juba mwaka 1982 angeandika Kiswahili ili amsomee nani. Tulikuwa tumeitunza kanda ambayo sauti yake imefichwa kati ya tatu, na ile ambayo aliimba peke yake tulikuwa tumewapa ndege.

Mama Teresina hakujua. Aliendelea kutueleza, na sasa sindano ilikuwa imesimama. Mwaka ule aliimba peke yake, wimbo mzima, wanaume wote tisa wakimfuata. Haukutangazwa kamwe. Vita vikaja, wenzake wawili wakafia Torit, na huko Koboko akisema alikuwa mwimbaji watu walisema ndiyo mama, ndiyo. "Watoto ya watoto yangu nasema haboba anadanganya," akasema. Haboba ni bibi. Halafu akatuambia kinachomuuma zaidi. Karani yule alikuwa na kalamu, alikuwa na nafasi kubwa kwenye boksi, na bado hakuandika jina lake. Aliandika mara, akaweka namba, kama anahesabu kuku. Miaka ishirini na minane Mama Teresina amekuwa akimlaani mtu ambaye hata sura yake ameisahau.

"Lete wahid," akasema. "Mimi nataka watoto yangu nasikia."

"Tutaleta, mama," akasema Achai.

Nilimkanyaga mguu. Hakujali. Tulipofika barabarani nikamuuliza ataleta nini, majani ya sukuma? Alikuwa ameshaanza kukimbia kuelekea stendi ya boda.

Bustani ya Nakato ilikuwa imekaa na utepe ule miezi miwili ya mvua. Ulikuwa umefungwa kutoka mti hadi mti juu ya matuta, unavuma upepo ukipita, na Nakato aliusifu sana, ndege hawakuwa wamegusa hata jani. Tulipomweleza, alishika kichwa. Yeye mwenyewe ndiye aliyepanda kuufungua. Vipande vingine vilikuwa vimekatwa kwa ajili ya fundo, vingine mbuzi walikuwa wamevijaribu, vingi vilikuwa vimevutika vikawa vyembamba na rangi ya kahawia inabaki kwenye vidole. Na ulikuwa umechanganyika, MARA 1 na MARA 2 na hotuba za mkuu wa wilaya fulani na matangazo ya chanjo ya ng'ombe. Tulijaza beseni mbili.

Wiki nne Achai hakulala. Alipoacha kupiga filamu za warsha tuliishi kwa mshahara wangu, na sikusema kitu, jambo ambalo si kawaida yangu. Asubuhi alikuwa kwa Kizza anaosha vipande, anavikausha kwenye kamba ya nguo, anavipiga pasi kwa mkono baina ya karatasi. Kizza aliviunganisha kimoja kimoja. Tulichokisikia ni mvumo, mikwaruzo, na mara moja neno ng'ombe. Jioni Achai alirudi nyumbani akaandika maneno ya filamu, akatembea, akafuta, akaandika tena. Kadiri kanda ilivyokataa, ndivyo hasira yake ilivyomgeukia karani. Alikuwa ameandika sentensi sita kali juu yake. Mwanamume mwenye kalamu amfuta mwanamke. Alinisomea, na mimi nilizipenda, maana hata mimi nilikuwa nahitaji mtu wa kumlaumu.

Tarehe ilikuwa imeshapangwa. Meneja wangu alikubali ua wa hoteli utumike Jumamosi moja ya Desemba, shuka jeupe ukutani, na Achai alikuwa amealika mji mzima. Mzee Opio alikuwa amealikwa. Mama Teresina hakuwa amealikwa, kwa sababu Achai aliogopa kumtazama usoni.

Tuligombana Jumatatu ya wiki hiyo. Nilimwambia amwendee yule mama amwambie ukweli. Akasema bado, bado kuna vipande nusu beseni. Nikamwambia wewe unamtafuta karani ili usijitafute. Akaniuliza nani alisoma lile boksi. Lilikuwa swali la haki, na lilikuwa limekaa chumbani mwetu wiki zote hizo bila kuulizwa.

"Mimi," nikasema. "Mimi ndiye nilisoma, na nilisoma kwa sauti kubwa kama mwalimu."

Nikalia, na sipendi kulia mbele ya Achai kwa sababu yeye hajui la kufanya, alianza tu kukunja nguo zangu.

Kesho yake tukaenda Mangateen wote wawili. Nilisema mimi. Nilimweleza stoo, spuli, gunia, sukuma. Mama Teresina alisikiliza mpaka mwisho huku akidarizi ua la njano. Hakutukana. Afadhali angetukana. Alisema sawa. Kisha akasema tusimletee tena ile simu, akavuta kiti chake ndani, na shuka likaburutika mavumbini naye hakuligeukia. Usiku ule kidole cha Achai hakikutikisika hata kidogo, na hilo liliniogopesha kuliko kutikisika.

Ijumaa, saa nne asubuhi, nipo mapokezini nagombana na mgeni juu ya taulo, mtu akagonga kengele mara tatu. Niligeuka nikiwa na maneno tayari. Alikuwa Kizza, mikono ina grisi mpaka viwikoni.

"Wewe Abul, njoo sasa hivi," akasema. "Ile chakula ya mashine. Iko na mtu."

Alikuwa amekesha wiki akiitengeneza mashine ili atoe nakala safi ya MARA 3 kwa ajili ya filamu, na kwa mara ya kwanza haikutafuna kitu. Kwa kuwa ilikuwa inacheza vizuri, akajisahau, hakurukia kwenye nyeupe. Aliiacha icheze tangu mwanzo kabisa, zile mita chache za utepe wa kutupwa alizoziunganisha mbele. Na alipoulizwa na Achai, ambaye alikuwa ameshafika na amesimama katikati ya kioski, alizikata kutoka kanda gani, Kizza aliinamisha kichwa akafikiri. Siku ile alikata mwanzo wa kanda ya kwanza aliyoivua. Ilikuwa MARA 1.

Achai akataka kuisikiliza papo hapo. Alikuwa ameshanyoosha mkono kwenye swichi. Kisha akaurudisha, akaushika kwa mkono mwingine.

"Hapana," akasema. "Asikie yeye kwanza."

Mimi ndiye niliyetumwa. Sijui nilimwambia nini Mama Teresina akakubali kupanda boda nyuma yangu, najua tu kwamba nilisema hatuna simu, na kwamba sijui kilichomo. Alikuja na shuka lake mfukoni mwa rambo, sindano imechomekwa.

Kizza alimpa kiti chake. Akazima redio za wateja, akamwomba jirani azime jenereta yake kubwa, akabaki na ile ndogo. Spuli zikaanza kuzunguka. Kwanza mchakacho. Halafu mwanamume, yuko mbali kidogo na kipaza sauti, mpole, anauliza kama mtu mwenye kalamu mkononi.

"Isim taki munu?"

Jina lako nani. Hilo nililijua. Kisha sauti ya msichana, nyembamba, karibu mno.

"Teresina Kiden." Halafu haraka, chini kwa chini, "Lakin mata katibu."

Gitaa likaanza. Msichana akavuta pumzi, tuliisikia ikiingia. Kipande cheupe kikapita, na ukaanza ule wimbo wa wanawake watatu.

Kizza akazima. Kichwani mwangu neno katibu lilikuwa limeshavaa tai na kuketi ofisini, na mdomo ulikuwa umeshafunguka kulieleza. Nikaufunga.

"Mama," nikasema, "mata katibu ni nini?"

Mama Teresina alikuwa amevua miwani. Akamwomba Kizza arudishe. Kizza akarudisha, mara ya pili, na ya tatu. Sekunde ishirini hivi, pamoja na pumzi.

"Ni usiandike," akasema mwishowe. "Mimi nilimwambia asiandike."

Alitueleza polepole, kama naye anasikia habari hiyo leo. Mumewe alikuwa mwalimu wa dini. Alijua mkewe anaitikia kwaya ya watoto, hakujua habari za dansi. Jina la mkewe likisomwa redioni, mke asingelala nyumbani siku ile. Kwa hiyo alimwomba karani, na karani akakubali, akaandika kile tu alichoruhusiwa kuandika, mwanamke mmoja. Hilo la kuomba yeye mwenyewe alikuwa amelisahau. Alikuwa amekumbuka boksi tu, wino wa bluu, na jina ambalo halipo.

"Miaka yote namtukana huyu mtu," akasema. "Na yeye alinificha."

Achai aliketi chini, kwenye sakafu ya kioski, juu ya nyaya. Nilijua anazifikiria zile sentensi zake sita. Alizifuta jioni ile, na kesho yake uani kwetu, mbele ya Mzee Opio na wajukuu wanne wa Mama Teresina, pale zilipokuwa sentensi za karani ilibaki sauti yake tu, akiuliza, na msichana akimjibu. Wimbo haukuwepo. Wajukuu waliomba irudiwe, na Mzee Opio, niliyekuwa nimemwandalia maneno makali, alisema tu kwamba alikuwa hajawahi kujua kwamba aliitwa Kiden.

Lakini hayo ni ya Jumamosi. Ijumaa ile kioskini, Mama Teresina aliomba aoneshwe boksi. Achai akampa. Aliliweka magotini, akapitisha kidole juu ya MARA, juu ya 3, juu ya ile nafasi kubwa iliyobaki tupu chini. Akavaa miwani.

"Bwana yangu alikufa zamani," akasema. "Hasa, katibu."

Hasa, kwa Kiarabu cha Juba, ni sasa.

Kizza akatafuta kalamu ya wino mzito ile anayoandikia namba za redio za wateja, akampa Achai. Achai akaifungua kifuniko, akanipa mimi niliyelisoma lile boksi. Nikapiga magoti mbele ya Mama Teresina, nikaandika Teresina kwa herufi kubwa chini ya mwandiko wa bluu, taratibu, nikiacha nafasi. Halafu nikainua kalamu.

"Mama," nikasema, "Kiden inaandikwaje?"

Nilijua jinsi linavyoandikwa. Safari hii niliuliza kwanza.